Mchezaji wa ridhaa aliyekuja kuwa jaji: tumwelewe Thomas Hughes vizuri

Ukisikia mtu anaitwa mchezaji wa ridhaa huku kwetu picha inakuja yenyewe, kijana bondia anapigana kwenye ukumbi wa mtaani kwa medali na nauli, bado hajatoka, siku akikomaa ataingia ngumi za kulipwa na hapo ndo watu watamheshimu. Sasa hiyo picha iweke pembeni kabla hujaanza stori ya Thomas Hughes, maana kwa Waingereza wa enzi zake ilikuwa kinyume kabisa, wa ridhaa ndo alikuwa juu na wa kulipwa ndo alikuwa chini, na usipolishika hilo mapema maisha ya huyu mzee yatakuchanganya mwanzo mpaka mwisho.

Nasema yatakuchanganya kwa sababu kila kundi lina Hughes wake. Wasomaji wa riwaya wanamjua kama mwandishi wa Tom Brown's School Days, kitabu cha 1857 kuhusu mtoto wa bweni. Wana ushirika wa Uingereza wanamjua kama mmoja wa watu waliowapatia sheria. Kuna kijiji Tennessee huko Marekani kinamjua kama mwanzilishi wao. Wenyeji wa Chester walimjua kama jaji wao. Na kwenye rekodi za kriketi jina lake limo kwa mechi ya Oxford na Cambridge ya mwaka 1842 pale uwanja wa Lord's, London. Ukivisoma hivi vitu kimoja kimoja unaona kama watu watano tofauti. Mimi nimekaa na stori yake muda mrefu na ninachokiona ni mtu mmoja tu, na kamba inayomfunga pamoja ni swali moja ambalo kwenye wasifu wake huwa linapitwa haraka haraka: nani analipa?

Tuanzie uwanjani. Hughes alizaliwa 1822 Uffington, kijiji cha Berkshire chini ya kilima chenye farasi mkubwa mweupe aliyechorwa ardhini kwa chokaa tangu zama za kale, babu yake alikuwa kasisi wa hapo. 1834 akapelekwa shule ya Rugby, bweni, chini ya mwalimu mkuu Thomas Arnold ambaye alikuwa na jina kubwa nchi nzima. Darasani hakuwa kipanga, uwanjani ndo alikuwa mtu. Mpaka anamaliza alikuwa nahodha wa timu ya kriketi ya shule, na 1841 klabu ya MCC yenyewe, wale wakubwa wa London wanaotunga kanuni za mchezo, walisafiri mpaka Rugby kucheza na wanafunzi. Mwaka uliofuata akaingia chuo cha Oriel pale Oxford na hapo hapo akachaguliwa kwenye kikosi cha kupambana na Cambridge. Cambridge wakashinda.

Usidhani mechi yenyewe ilifanana na ya kwenye TV. Ova moja, yaani zamu ya mrushaji mmoja, ilikuwa mipira minne, sio sita. Mrushaji alikuwa haruhusiwi kupandisha mkono juu ya bega, akipandisha tu mwamuzi anapiga kelele, na katazo hilo liliondoka 1864. Wachezaji wengi walivaa kofia ndefu nyeusi, zile za kama bomba, huku wanakimbia. Majani ya Lord's yalikuwa yanapunguzwa na kondoo, kwa hiyo mpira ukidunda hujui unaelekea mguuni au usoni.

Na mechi ilikuwa inakula siku mbili, tatu, za katikati ya wiki. Hapa ndo pa kutulia. Ni nani mwaka 1842 anaweza kuacha kazi Jumatatu mpaka Jumatano akacheze mpira bure? Fundi hawezi, mkulima wa kibarua hawezi, karani hawezi. Anayeweza ni yule ambaye kodi yake na chakula chake kimeshalipwa na baba, au na ardhi, au na urithi. Ndo maana "ridhaa" ya Waingereza haikuwa na uhusiano wowote na kiwango cha mtu uwanjani, ilikuwa inakwambia mtu anatoka nyumba gani. Tangu 1806 kulikuwa na mechi maalumu kati ya makundi haya mawili, wasiolipwa waliitwa Mabwana na wanaolipwa waliitwa Wachezaji, basi, Wachezaji tu, yaani mmoja anatambulishwa kwa heshima ya ukoo na mwingine kwa kazi ya mikono yake. Vyumba vya kubadilishia nguo tofauti, sehemu nyingi hata geti la kuingilia uwanjani tofauti, kwenye karatasi ya matokeo Bwana anaandikwa kwa namna yake na Mchezaji kwa namna yake. Mchezaji anaweza kuwa bora mara kumi na bado nahodha akawa Bwana. Mfumo huo uliendelea mpaka 1962, vita mbili za dunia zikapita juu yake, na ukafutwa rasmi kuanzia 1963.

Hughes alitoka upande wa Mabwana, hilo halina mjadala. Na kazi aliyoichagua baada ya chuo nayo ilikuwa na ridhaa yake ndani, hii watu wengi hawaijui. Uingereza ina mawakili wa aina mbili, sio kama sisi ambao wakili ni wakili, unamfuata ofisini na huyo huyo anakusimamia kotini. Kwao kuna wakili wa ofisini anayekutana na mteja na kuandaa makaratasi, halafu kuna wakili wa mahakamani anayevaa joho na wigi na kusimama mbele ya jaji. Hughes aliapishwa kuwa huyu wa pili mwaka 1848. Sasa huyu wa mahakamani ada yake kisheria haikuhesabiwa kuwa mshahara wala deni, ilihesabiwa kama shukrani, zawadi. Mteja asipolipa wakili hana ruhusa ya kumshtaki! Mahakama ililisema hilo waziwazi katika kesi ya 1863 na hali ikabaki hivo mpaka karne ya 20 inaelekea ukingoni. Yaani hata mtu anayeishi kwa kazi ile ilibidi ionekane kama anaifanya kwa mapenzi tu. Ni Mabwana na Wachezaji tena, safari hii ndani ya mahakama.

Mwaka huo wa 1848 ndo Ulaya ilikuwa inawaka, wafalme wanakimbia Paris na Vienna, na London wafanyakazi walikusanyika Kennington kudai haki ya kupiga kura. Hughes na kikundi cha marafiki wakamzunguka kasisi mmoja, F. D. Maurice, aliyekuwa anahubiri kwenye kanisa la mawakili, kulikuwa na John Ludlow ambaye naye ni mwanasheria, Charles Kingsley, baadaye Edward Vansittart Neale ambaye alikuwa na hela. Walijiita Wasoshalisti wa Kikristo. Walichokuwa wanakiona mitaani ni mafundi cherehani wa London wanashona usiku kucha kwenye vyumba vya joto kwa malipo ya kipande kimoja kimoja, huku duka linauza suti bei rahisi na kuchukua cha juu. Wazo lao likawa: mafundi wenyewe wamiliki karakana, wagawane faida. 1850 wakafungua chama cha mafundi cherehani, zikafuata karakana nyingine za washona viatu, wajenzi, wachapaji, nyingi kwa mtaji wa Neale. Nyingi zilikufa ndani ya miaka michache, wanachama walikuwa wanagombana, mameneja hawaaminiki, oda hazitoshi.

Lakini kufa kwake kuliwafundisha kitu ambacho kimebaki mpaka leo, na hapa naomba usinikimbie kwa sababu ni sheria, maana ndo kiini cha makala nzima.

Miaka ya nyuma niliwahi kuwa kwenye kikundi cha kuweka na kukopa, tulikuwa watu kumi na nane, tunakutana Jumapili jioni uani kwa mama mmoja, daftari la kaunta lenye jalada jeusi na kisanduku cha bati chenye kufuli tatu. Siku moja mweka hazina hakuja. Jumapili ya pili hakuja. Tulipoenda kulalamika tukaulizwa, kikundi kimesajiliwa? Hakijasajiliwa. Basi hiyo ni hela yenu wote, na yeye ni mmoja wenu, nendeni mkaelewane. Nakumbuka mama mwenye uani amekaa kwenye kigoda ameshika ile daftari na hana wa kumpelekea. Sitaisahau ile sura.

Sasa vyama vya wafanyakazi wa Uingereza kabla ya 1852 vilikuwa hapo hapo. Sheria haikuwa na chombo kinachoitwa ushirika, kwa hiyo watu ishirini wakichanga hela na kufungua duka mbele ya jaji wao ni wabia wa biashara, na ubia una mambo mawili makali. La kwanza, kila mbia anabeba madeni yote, chama kikifilisika mwenye duka la jumla anaweza kumfuata mjane mwenye hisa moja akachukua kitanda chake. La pili, mbia haibi mali ya ubia kwa sababu ni yake pia, kwa hiyo mweka hazina akitokomea na sanduku ni vigumu mno kumfunga. Wale waanzilishi wa Rochdale wanaotajwa kila mahali, watu 28 walioanza na pauni 28 mwaka 1844 na duka lao la siagi, sukari, unga na shayiri, ilibidi wajibanze chini ya sheria ya vyama vya kuzikana na kusaidiana, ambayo haikutungwa kwa ajili ya maduka.

Hughes, Ludlow na Neale wote walikuwa wanasheria. Wakaingia mbele ya kamati ya Bunge mwaka 1850 kutoa ushahidi, wakashika kalamu, na 1852 ikapita sheria ya vyama vya viwanda na kujiwekea akiba, ya kwanza ya ushirika Uingereza. Chama kikatambuliwa na sheria, kikaruhusiwa kumuuzia mtu yeyote na sio wanachama peke yao. Ile kinga ya mwanachama kutobeba madeni zaidi ya hisa zake haikuwemo bado, ilikuja na sheria ya 1862, na ndo iliyofungua mlango wa maduka ya ushirika kuungana na kuwa na ghala lao la jumla. Mtu akikwambia ushirika Uingereza ulianzishwa na wafanyakazi mkatalie nusu na mkubalie nusu, wafanyakazi walianzisha maduka, lakini mlinzi wa sanduku, yaani sheria, aliandikwa na hawa Mabwana watatu, bila malipo. Hapo ndo ridhaa ilifanya kazi yake nzuri, nami siwanyimi hilo.

Na kamba hiyo inafika mpaka huku. Waingereza walitunga sheria ya ushirika kwa ajili ya India mwaka 1904, wakaipanua 1912, na hiyo ndo ikawa kielelezo cha makoloni mengine, Tanganyika ikapata sheria yake 1932 na mwaka uliofuata chama kikuu cha wakulima wa kahawa wa Kilimanjaro, KNCU, kikasajiliwa Moshi. Simaanishi Hughes aliwafikiria Wachagga, hapana. Nachosema ni kwamba lile wazo la kikundi cha wakulima kuwa na jina lake kotini, muhuri wake, na mrajisi wa kukikagua, lina kizazi, na ukikipandisha juu unawakuta hao mawakili wa London.

Halafu wenyewe kwa wenyewe wakagombana. Maduka ya ushirika yalipokua, wakubwa wa ghala la jumla la Manchester walishika msimamo kwamba faida ni ya mnunuzi, unapata gawio kwa kadri ulivyonunua. Hughes na Neale wakasema hapana, na yule anayefanya kazi kwenye kiwanda cha ushirika naye apate fungu, la sivyo umembadilishia bosi tu. Hughes alikuwa mwenyekiti wa mkutano mkuu wa ushirika wa 1869, mtu mwenye heshima zake mle ndani, na bado akashindwa. Naona alikuwa na hoja, ila pia naona kwanini wale wa Manchester hawakumsikiliza, wao walikuwa wanaendesha biashara ya chai na sabuni kila siku na yeye alikuwa anaitazama kutoka pembeni kama mtu mwenye imani.

Vyama vya wafanyakazi navyo alivisimamia. 1867 mahakama iliamua kesi ya mafundi mitungi ya mvuke, mweka hazina wa tawi lao la Bradford alikuwa amekaa na pauni 24 za chama na majaji wakasema chama chenyewe kinazuia uhuru wa biashara kwa hiyo sheria haiwezi kukilindia hela. Unaona ni stori ile ile ya sanduku. Serikali ikaunda tume, Hughes akawa memba, wengi wa tume wakaja na mapendekezo ya kuvibana vyama, na yeye pamoja na Frederic Harrison na Lord Lichfield wakaandika ripoti yao ya wachache. Hiyo ya wachache ndo iliyozaa sheria ya 1871 iliyovihalalisha vyama vya wafanyakazi na kulinda fedha zao.

Wakati huo alikuwa mbunge, jimbo la Lambeth pale London kuanzia 1865, kisha jimbo la Frome 1868 mpaka 1874. Kuhama jimbo kulikuwa na sababu yake, alipigania sheria dhidi ya wafanyabiashara wanaopunja mizani na kuchanganya vyakula, na Lambeth ilikuwa imejaa wenye maduka ambao hawakufurahi hata kidogo. Usiku alikuwa anafundisha kwenye chuo cha wafanyakazi walichokianzisha London 1854, na somo lake lilikuwa... ngumi. Ndiyo, darasa la ngumi. Aliwaona vijana wa karakana mabega yamepinda kwa kukaa kwenye meza za kazi, akaona kabla ya mihadhara wanyooke kwanza mgongo. Baadaye akawa mkuu wa chuo hicho zaidi ya miaka kumi.

Sasa Tennessee, maana bila Tennessee huwezi kuelewa ujaji.

Kwa desturi za ardhi za Uingereza mtoto wa kwanza wa kiume anachukua shamba na nyumba, wadogo zake wanabaki na elimu nzuri na mikono mitupu. Wanaruhusiwa kuwa makasisi, wanajeshi, mawakili, madaktari labda. Kuuza dukani ni aibu kwa familia. Kulima kwa jembe ni aibu zaidi. Hughes aliwaona vijana wa namna hii wamejaa London, nguvu wanazo, kazi hawana, na akaota kijiji mahali ambapo kijana aliyesoma angeshika jembe na msumeno bila kuona haya. 1880, tarehe 5 Oktoba, akafungua makazi kwenye uwanda wa juu wa Cumberland, Tennessee, akayaita Rugby. Kampuni yao ilikuwa na hela za Boston na London na yeye rais wake. Kileo hakiuzwi. Kanisa moja la pamoja, na duka la ushirika, lazima.

Matatizo yakaanza karibu siku ile ile. Udongo ule ulikuwa mwembamba, hati za ardhi zilikuwa na utata kila upande, reli ilikuwa maili kadhaa kutoka hapo. Vijana wenyewe ni watoto wa shule za bweni, uwanja wa tenisi ulikuwa tayari mapema kuliko mashamba. 1881 homa ya matumbo ikaingia kutoka kwenye kisima cha hoteli na kuua watu saba, magazeti yakaisambaza habari na wageni wakaacha kuja. 1884 hoteli ikaungua. Kiwanda cha kusindika nyanya hakikupata nyanya za kutosha. Mke wake, Fanny, hakutaka kabisa kusikia habari za kule na hakuhamia. Aliyehamia ni mama yake, bibi wa zaidi ya miaka 80, alivuka bahari mwaka wa homa ile ile akakaa huko mpaka kifo chake 1887. Kilichobaki kizima ni maktaba ya mbao iliyofunguliwa 1882, ina vitabu kama 7,000 kwenye rafu zake za zamani, karibu vyote vya enzi hizo. Inaendana naye, maana hata baada ya moto mkubwa wa Chicago wa 1871 yeye ndo aliongoza Waingereza kukusanya vitabu vya kuwapelekea, karibu 8,000, na maktaba ya umma ya mji ule ikaanzia hapo, ndani ya tangi la maji lililoachwa.

Hela zake Hughes alizizamisha Tennessee. Mtu wa karibu miaka 60, familia kubwa, ubunge umeisha, kazi ya uwakili ameiacha ipoe kwa ajili ya shughuli za watu. Maisha yote alicheza kama Bwana, na sasa kwa mara ya kwanza alihitaji kulipwa kama Mchezaji. 1882 akateuliwa jaji wa mahakama ya kaunti, makao Chester.

Usichanganye na majaji wakubwa wa London wenye joho jekundu. Mahakama za kaunti ziliundwa 1846 ili mtu wa kawaida apate haki ya madai madogo karibu na kwake bila kusafiri. Kesi za jinai hazipo, hakuna muuaji wala mwizi. Kuna kodi ya nyumba, mikataba midogo, madai ya mfanyakazi aliyeumia kazini baada ya sheria ya 1880, lakini zaidi ya yote, lundo kwa lundo, kuna madeni. Jaji anazunguka mji hadi mji kwenye eneo lake, anaitwa Mheshimiwa na sio Lord, mshahara wake pauni 1,500 kwa mwaka, umepangwa, unaingia. Ubunge haruhusiwi tena.

Na wadaiwa ni akina nani? Wale wale aliowafundisha ngumi. Kulikuwa na wachuuzi wanaopita mlango kwa mlango na vitambaa, mume yuko kazini, wanamkopesha mke gauni au shuka, unalipa shilingi kwa wiki, bei imeshapandishwa vya kutosha. Wiki mbili hujalipa samansi inakuja. Sheria ya 1869 ilisema kufungwa kwa deni kumekwisha, lakini ikaacha kijidirisha: jaji akiridhika kwamba mdaiwa anao uwezo na halipi, anaweza kumpeleka jela mpaka wiki sita. Bwana wa biashara kubwa akifilisika ana utaratibu wake wa kufilisika na anarudi nyumbani, mfanyakazi mwenye deni la gauni ndo anapita kwenye hicho kijidirisha, na maelfu walipita. Jaji wa kaunti, peke yake, asubuhi moja, majina mengi kwenye karatasi, anamuuliza mwanamke aliyekuja kwa niaba ya mumewe analipwa kiasi gani, watoto wangapi, halafu anaamua shilingi moja au mbili kwa mwezi.

Kumbuka duka la Rochdale sasa. Masharti yao ya mwanzo kabisa yalikuwa kuuza taslimu tu, hakuna mkopo, na watu waliwaona wakali. Walijua mkopo wa dukani unakoishia, unaishia kwenye benchi la mahakama ya kaunti mbele ya mtu kama Hughes. Alitumia ujana wake kujenga mlango wa kuwatoa watu kwenye deni na uzee wake kukaa upande wa pili, akisimamia sheria ya deni kwa mshahara. Kuna watakaosema ni kinyume, alijisaliti. Mimi sioni hivo. Sheria ile haikuandikwa na yeye, na kwenye kiti kile kinachofanya tofauti ni maswali anayouliza jaji kabla hajasema shilingi ngapi, na yeye angalau alikuwa anajua karakana inanukaje.

Alikaa kwenye kiti hicho mpaka mwisho. Chester alijenga nyumba akaipa jina la Uffington. Alifariki Brighton tarehe 22 Machi 1896, na miaka mitatu baadaye shule ya Rugby ikamwekea sanamu.

Binti yake Mary, aliyezaliwa 1860, alikwenda kuishi mashariki mwa London, Whitechapel, katikati ya watu maskini kabisa, na uzeeni akachukua baa ya zamani ya mtaa wa Vallance akaigeuza kuwa mahali pa kukimbilia wasio na makazi. Sheria ya 1919 iliporuhusu wanawake, akawa hakimu wa amani Shoreditch, kazi ambayo Uingereza haina mshahara, ni ya ridhaa tangu zamani. Walimletea kesi za watu walioshindwa kulipa kodi ya mtaa na wazazi ambao watoto wao hawakwenda shule. Alikuwa analia akisikiliza ushahidi, halafu faini aliyowatoza mara nyingi alikuwa anailipa mwenyewe.